Kimya cha Kidebe

Kidebe alipata jina lake kabla hajazaliwa. Baba yake alikuwa Debe, mama yake alikuwa Mfuniko, na kila nyumba yenye redio iliwajua: mume mwenye kelele na mke wa kumfunika. Miaka nenda miaka rudi, hao wawili waligombana mbele za watu juu ya chumvi iliyozidi, mlango ulioachwa wazi na mgeni asiyejua kuaga, na watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Siku Mfuniko alipopanda jukwaani na mimba yake kubwa, Debe aliitazama, akawageukia watazamaji na kusema, "Jamani, kumbe madebe nayo huzaa. Kidebe hicho kinakuja." Ukumbi mzima uliangua kicheko. Mtoto wa kike akaja duniani akakuta watu wameshamalizana naye.

Sasa mtu wa namna hiyo afanye nini na maisha yake? Akiwa mchekeshaji, ataambiwa hamfikii baba yake hata kisiginoni. Akifungua duka la nyaya za umeme, ataambiwa amekitupa kipaji. Kidebe alijaribu kwanza kukaa mbali kabisa na jukwaa. Alisomea uchoraji wa majengo, akaajiriwa kwenye ofisi moja akawa anachora ngazi na vyoo vya majumba ya watu, na kila alipoingia kwenye kikao alipatikana mmoja wa kusema, "Haya Kidebe, tuchekeshe kidogo." Alipoona kwamba hata vyooni baba yake amemtangulia, aliona heri arudi jukwaani, ila aingie kwa mlango wake mwenyewe.

Alichotaka kufanya huko ni kitu ambacho wazazi wake hawakuwahi kukifanya hata kwa bahati mbaya. Alitaka kunyamaza.

Hapo inabidi kueleza kidogo. Katika kundi la Debe kulikuwa na sheria moja ambayo kila mgeni alifundishwa kabla ya kuonyeshwa choo kilipo: mwenzako akinyamaza jukwaani, ujue anazama, mtupie kamba. Kamba ni neno lolote litakalomwokoa, na likiwa la kuchekesha ni bora zaidi. Debe alikuwa bingwa wa kutupa kamba. Aliwatupia wenzake, aliwatupia wapinzani wake, na mara nyingine alikuwa mtazamaji tu aliyeketi kwenye viti vya katikati, mwigizaji wa watu akasahau maneno, yeye akainuka na kumpa sentensi tamu kuliko ile iliyosahauliwa. Mwigizaji anaokoka, ukumbi unapiga makofi, Debe anakaa. Watu walimpenda kwa hilo kuliko hata kwa vichekesho vyake.

Na nyumbani ilikuwa hivyo hivyo. Wakati Kidebe bado yuko shule ya msingi, bibi yake mzaa baba alifariki. Jirani alileta habari asubuhi, familia ikiwa mezani inakunywa chai. Kimya kikaingia chumbani. Kidebe alitaka kukaa ndani ya kile kimya amfikirie bibi yake, mikono yake, namna alivyokuwa akimwita kutoka dirishani. Lakini Debe, macho yamemjaa machozi, alisema, "Mama naye, kaondoka kabla sijamrudishia sufuria yake." Wakacheka wote watatu huku wanalia, na chai ikaendelea. Debe hakuwa na ubaya wowote. Aliona watu wanazama, akatupa kamba. Ila mtoto alikasirika, na alimpenda baba yake, yote kwa pamoja, na hakuwahi kumwambia mtu.

Basi alipokuwa mtu mzima aliandika igizo la mhusika mmoja, akaliita *Koti la Mteja*. Fundi cherehani wa kike yuko kibandani kwake na koti ambalo halijaisha, limeshikizwa kwa pini tupu, na mteja yuko njiani kuja kulijaribu. Fundi anapiga soga peke yake. Anamsema mteja kwa tumbo lake linalobadilisha vipimo kila msimu, anagombana na cherehani, anaibembeleza sindano. Mpaka hapo watu watacheka, maana maji hufuata mkondo na binti wa Debe hakosi neno. Halafu mke wa mteja anafika mlangoni. Hatumwoni wala hatumsikii. Tunamwona fundi tu akisikia kwamba mteja amekufa. Baada ya hapo fundi hasemi chochote. Anachomoa pini moja moja, anaziweka kwenye kopo, mpaka koti linarudi kuwa vipande vya kitambaa. Basi, limekwisha. Kile kimya ndicho igizo, na yale maneno ya mwanzo ni njia ya kukifikia.

Ili vidole vyake visidanganye, alikwenda kukaa na mafundi cherehani wa mtaani mpaka akajua kuchomoa pini bila kuitazama. Mafundi walimzoea, wakamtuma vifungo, wakamtania kwamba akishindwa na maigizo atarudi kukunja mapindo ya suruali.

Ukumbi alioupata ulikuwa zamani ghala la saruji. Ulikuwa na viti vya plastiki, jukwaa la mbao lililolia upande wa kushoto, na Meneja mwenye tai fupi na maneno marefu. Meneja alilishika bango la igizo kwa ncha mbili, akalitazama, akaguna.

"Zuri. Lakini halina kitu."

"Lina koti, lina jina la igizo, lina siku na saa," Kidebe alisema.

"Halina wazazi."

"Wazazi hawamo kwenye igizo."

"Mdogo wangu, mimi nakutakia mema. Andika hapa chini, kwa herufi kubwa, binti wa Debe na Mfuniko. Watu watajaa mpaka mlangoni. Wewe si umesikia wanavyosema, mwana wa mhunzi asiposana huvukuta?"

"Na asiyesana wala kuvukuta?"

Meneja alifikiri. "Huyo hana methali."

"Basi mimi ndiye huyo."

Meneja alicheka, kwa sababu ilikuwa imekaa vizuri, kisha akatoa sharti lake. Jumamosi jioni angekaa mwenyewe nyuma na kutazama. Watu wakiwa wengi na wakikaa mpaka mwisho, Kidebe angepewa ukumbi kwa msimu mzima. Wakiwa wachache au wakianza kutoka, siku zote zilizobaki zingekwenda kwa mashindano ya kuimba, na mashindano hayo, alisema, hayakosi watu. Kidebe alikubali bila kubisha. Hakuwa na wasiwasi na igizo lake, na mtu asiye na wasiwasi na kazi yake huwa hana haja ya kupandisha sauti.

Mabango hakuyabandika mjini palipojaa mabango. Aliyapeleka kwenye vibanda vya mafundi, kila kibanda bango moja, juu ya cherehani, mahali ambapo mteja akisimama kupimwa hana pengine pa kutazama. Mafundi walijivunia jambo hilo. Walianza kuulizana nani amepata bango na nani hajapata.

Kilichobaki kilikuwa nyumbani. Aliwakuta wazazi wake sebuleni, chini ya picha zao wenyewe, mama akibandua muhogo wa jana kwenye sufuria na baba akimweleza namna bora ya kubandua.

"Nimekuja kuwaomba kitu," Kidebe alisema. "Jumamosi msije."

Debe aliinua macho. "Tuna ukoma?"

"Mna umaarufu, baba. Mkikaa pale, watu watawatazama nyinyi. Njooni wiki ya pili, nitawawekea viti vya mbele."

"Nitavaa kofia."

"Kofia yako wanaijua kuliko uso wako."

"Nitavaa ya mama yako."

"Wewe," Mfuniko alisema, na Debe akanyamaza, kama alivyonyamazishwa redioni mara elfu. Mama alimgeukia binti yake. Yeye ndiye aliyekuwa akijua kwamba kuna mambo mtoto huyu hakuwahi kupata nafasi ya kuyasema mezani kwao, na mara nyingi jambo hilo lilimuuma. "Tumekuelewa, mwanangu. Hatuji."

"Hatuji," Debe alisema, haraka mno.

Jumamosi ilipofika, mafundi walikuja. Walikuja na wake zao, waume zao, wateja wao, na wanafunzi wao wa kazi wenye nyuzi kwenye nywele. Viti vilijaa, na wengine walisimama ukutani. Mwendesha taa, dada mmoja mkimya aliyeitwa Swichi, alichungulia kutoka kwenye kijumba chake cha mbao akamwonyesha Kidebe dole gumba. Meneja alikaa nyuma, mguu juu ya mguu.

Kidebe alipanda jukwaani akawashika tangu sentensi ya kwanza. Alipolisema tumbo la mteja, mafundi waligongana viwiko, kwa kuwa kila mmoja alikuwa na mteja wa tumbo hilo. Alipoigombeza cherehani, mzee mmoja wa mstari wa pili aliitikia, "Ndivyo zilivyo." Alisikia kicheko kinapanda na kushuka pale alipokiweka, na alifurahi waziwazi, maana kuchekesha watu ni raha, hilo hata yeye hakulikana. Kisha akageuka kuelekea mlango usiokuwepo. Akasikiliza. Uso wake ukabadilika taratibu, na ukumbi ukaona, na kicheko cha mwisho kikafa chenyewe.

Alilishika koti. Akachomoa pini ya kwanza, ikaanguka ndani ya kopo. Akachomoa ya pili. Hakuna kiti kilicholia.

Wakati huo, kwenye mstari wa nyuma karibu na mlango wa kutokea, alikuwepo mwanamume aliyevaa kofia ya kike ya sufu. Alikuwa ameingia taa zikishazimwa, mkewe amemfuata akimvuta shati. Mwanamume huyo alikuwa amecheka kuliko wote. Alikuwa amemwambia mkewe mara kwa mara, "Unamwona? Unamwona?" mpaka akakanyagwa mguu. Sasa alikuwa amesimama nusu. Alimwona mtoto wake amesimama peke yake kwenye mwanga, mdomo umefungwa, hakuna neno linalotoka, na hakuna mtu jukwaani wa kumsaidia. Kwa miaka yote ya kazi yake hakuwahi kumwacha mtu azame, sembuse huyu.

Mfuniko aliuona mdomo unafunguka, akanyoosha mkono aufunike. Alichelewa.

"Fundi!" Debe alinguruma. "Shona hata kifungo, watu tunangoja!"

Ukumbi ulipasuka. Sauti ile waliijua kabla hawajaijua ya baba zao. Watu waligeuza viti, wakasimama, wakapiga makofi, wengine wakaita, "Debe! Debe!" Meneja alishusha mguu, macho yakimng'aa. Swichi, akidhani mambo yameharibika, alipeleka mkono kwenye swichi ili azime taa ainusuru siku.

Kidebe alimnyooshea kiganja kidogo, chini ya koti, kwamba aache.

Na jibu alikuwa nalo. Lilikuja lenyewe, halikuitwa: *Cha kwako nilishakishona, mzee, kipo mdomoni.* Lilikuwa tamu. Lilikuwa na ukubwa wake na wakati wake, na alijua kabisa lingefanya nini. Lingeuangusha ukumbi. Baba angejibu, yeye angejibu, mama angesimama na kumfunika baba, na wote watatu wangeondoka pale wamebebwa mabegani. Kesho yake magazeti yangeandika kwamba Kidebe ameiva. Ulimi wake ulilishika jibu hilo, ukalionja.

Alilimeza. Hasira ilikuwepo, ndiyo, ile ya siku ya chai, lakini haikumtikisa, kwa kuwa sasa hakuwa mtoto mezani. Meza hii ilikuwa yake. Watu walikuwa wakicheka ndani ya nyumba aliyoijenga yeye, na mwenye nyumba ana haki ya kungoja wageni wamalize.

Akangoja. Walipomwona hajibu, walidhani anaandaa kubwa zaidi, wakazidisha makofi. Yeye aliurudisha mkono kwenye kopo. Akatoa pini ya pili, akairudisha kwenye koti palepale ilipotoka. Akatoa ya kwanza, akairudisha nayo. Alifanya hivyo mbele yao bila kuficha na bila kununa, kama fundi anayefumua mshono uliokwenda upande ili aushone upya. Mafundi ndio walioelewa mwanzo. Mzee wa mstari wa pili aligeuza kiti chake kikatazama mbele. Mwanamke mmoja alimpiga mumewe begani, mumewe akakaa. Kicheko kikawa vikohozi, vikohozi vikaisha, na Kidebe akaugeukia tena mlango usiokuwepo, akaanza kusikia habari ile upya kabisa, kama haijawahi kuletwa.

Safari hii kimya kilikuwa kizito kuliko mara ya kwanza, kwa sababu sasa kila mtu alijua kimewekwa kwa makusudi, na kila mtu alikuwa amechagua kukaa ndani yake. Alichomoa pini ya kwanza. Alingoja. Alichomoa ya pili. Alimfikiria bibi yake, mikono yake, dirisha lake, bila haraka, na hakuna aliyemkatiza. Pini ziliendelea kulia ndani ya kopo. Mkono mmoja wa koti ukaanguka, kisha wa pili, kisha mgongo, na mwisho fundi alikuwa amekumbatia vitambaa tu. Swichi alizipunguza taa mpaka zikaisha.

Watu hawakupiga makofi mara moja. Walipoanza, walikuwa wamesimama, na hakuna aliyegeuka kutazama nyuma.

Chumba cha waigizaji kilikuwa kistoo chenye kioo kimoja na ndoo mbili. Debe aliingia ameishika ile kofia kwa mikono yote miwili. Kidebe hakukumbuka kama aliwahi kumwona baba yake ameogopa.

"Nilidhani umesahau," Debe alisema.

"Najua, baba."

"Nilikuona unazama."

"Nilikuwa naogelea."

Mfuniko alicheka kidogo, kisha akamshika binti yake mashavu. "Miaka yote namfunika huyu," alisema, "siku moja ya maana mkono ukachelewa. Nisamehe, mwanangu."

"Mama, usijali. Nimefanya nilichokuja kukifanya."

"Nimeona," mama alisema. "Na mimi nimemlilia mama mkwe wangu leo. Sikuwahi kupata nafasi."

Debe alifungua mdomo aombe msamaha, na huenda angeutilia chumvi, lakini mlango ulisukumwa akaingia Meneja, tai imekaa upande.

"Ile ya kifungo!" alisema. "Mzee, ile ya kifungo ni dhahabu. Sikilizeni nimeshapanga. Kila siku ya onyesho, yeye akinyamaza, wewe unasimama kule nyuma na kofia yako hiyo hiyo, unaipiga. Watu wanacheka, halafu wanalia. Bango jipya nabandika kesho: Debe arudi jukwaani, pamoja na bintiye. Msimu mzima wenu, na mwingine juu yake."

"Hapana," Kidebe alisema.

"Ngoja kwanza—"

"Sharti lako lilikuwa watu wajae na wakae. Wamejaa na wamekaa. Igizo litaendelea kama lilivyo, mhusika mmoja. Usipolitaka hivyo, mafundi wana uwanja nyuma ya vibanda vyao, wameshaniuliza nitakwenda lini."

Alisema kwa upole, huku akizikusanya pini. Meneja alimtazama, akaona hapo hapana mlango, akafanya kile ambacho watu wote walikuwa wakifanya tangu Kidebe azaliwe. Alimgeukia baba mtu.

"Mzee, hebu zungumza na mtoto."

Ukumbi mzima haukuwa umemtisha Kidebe, lakini hili lilimtisha. Debe hakuwahi kukataa jukwaa maishani mwake. Alipanda na homa, alipanda na jino bovu, alipanda siku ya tatu baada ya kumzika mama yake. Na alikuwa bado na uwezo, kwa mzaha mmoja tu, wa kulitia jambo lote mfukoni mwake, wakacheka wote, na binti yake akabaki Kidebe mpaka siku ya kuzikwa.

Debe aliutazama uso wa Meneja, kisha kofia, kisha binti yake. Alikaa hivyo muda mrefu bila neno, na hakuna aliyemsaidia.

"Mbona unaniangalia mimi?" hatimaye alimwambia Meneja. "Mwenye igizo si huyo? Ameshakujibu."

Meneja alisubiri kichekesho kitakachofuata. Hakikuja. Akasema kwamba basi, sawa, msimu ni wa Kidebe, bango ni lile lile, na akatoka akirekebisha tai.

Debe alivuta ndoo moja, akaigeuza, akaikalia. Alikuna kidevu. Alionekana mtu mwenye jambo ambalo hajui namna ya kulianza.

"Ile pini ya kwanza," alimuuliza binti yake. "Unajuaje kwamba wakati wake umefika? Mimi ningeshindwa. Ningeichomoa mapema."

Kidebe alimtazama aone kama anatania. Hakuwa anatania. Basi akaigeuza ndoo ya pili, akakaa karibu na baba yake, akaanza kumfundisha.